Kitambuzi cha Mlangoni

Biashara huria ilipofika Sumbawanga, mwenye duka mmoja karibu na soko alifunga mlangoni kidude cha kengele, usawa wa kifua. Akatutangazia, kwa majivuno ya mtu aliyebuni umeme, kwamba kile ni kitambuzi: kinamtambua mtu chenyewe akiingia. Tangu hapo hakutazama tena mlangoni. Alikaa akiangalia televisheni, mgongo kwetu.

Siku moja bibi yangu alitoka Mollo kuja kununua kitenge. Kwetu Ufipa, mwenye adabu akifika kwa watu huchuchumaa na kupiga makofi taratibu. Bibi akachuchumaa kizingitini, nami kando yake, tukapiga makofi. Kidude kimya.

"Baba, kuna wateja," nikamwambia mwenye duka.

"Kungekuwa na mtu kingelia," akajibu bila kugeuka.

Mara ng'ombe wa wafugaji waliohamia kwetu akapitisha kichwa juu yetu. Kengele ikalia.

"Karibu sana, mteja!" jamaa akaitikia, macho bado kwenye televisheni.

Bibi akainuka, akajikung'uta khanga. "Twende, mjukuu wangu," akasema kwa sauti ya kusikika. "Mwenzake kafika."