Baba Alipomwomba Mtoto Radhi

Siku niliyotumwa kumfuata kaka yangu Anaeli haijanitoka, mwanangu, na uzee wote huu. Baba yetu alikuwa mshili, kiongozi wa ukoo wetu hapa Meru, na Anaeli ndiye aliyekuwa mboni ya jicho lake. Viatu alivaa, baiskeli alipanda, shule alisomeshwa. Tulimwonea wivu, nisikufiche!

Ndipo setla mmoja, mzungu mwenye shamba, akamzaba kofi mbele ya wachuma kahawa, eti hakuvua kofia. Alirudi nyumbani, chakula hakugusa. Baba akasema atasahau, sisi wengine tukacheka. Waliokaa naye ni vijana wa msituni, juu ya Olmotonyi. Walimsikiliza kutwa nzima, kisha wakamfundisha kwamba kila Mmeru anayemtumikia mzungu ni wa kuuawa. Kaka yangu huyo, aliyenivusha mfereji mgongoni!

Baba aliposikia wanataka kuichoma nyumba ya karani wa setla, alichuma jani la isale, akanipa. Kwetu, ukipelekewa isale unaombwa radhi, na huwezi kukataa. Baba kumwomba mtoto radhi!

“Mpe jani kwanza,” akasema. “Maneno baadaye.”

Nikamkuta ukingoni mwa msitu, amekonda. Jamani, hasira zikanipanda, hata shikamoo sikumpa.

“Umekosa nini nyumbani wewe? Baba anaona haya kwenda kanisani kwa ajili yako!”

Akanitazama. “Basi kawaambie huko nyumbani sina mtu.”

Akaondoka. Nilipolitoa jani kwenye kanga na kumkimbilia, alishapotea mitini. Jioni ile nyumba iliungua, na mama mzee wa karani alikuwa ndani. Kaka akakamatwa, akanyongwa, na kaburi hatukuonyeshwa.

Simtetei. Yule mama hakumkosea mtu. Lakini namtamani kaka yangu, mwanangu. Hata leo nikisikia mtu anakohoa kama yeye njiani, natoka nje kutazama.

Sasa nisikilize. Ukidhalilishwa, njoo useme. Tukisinzia sisi wazee, tuamshe. Anayekusikiliza ili akupe panga hakupendi. Na ukimwona ndugu yako amenyamaza, usiseme ana kila kitu. Kaa naye. Kugomba utagomba baadaye.

Mungu akulinde uendako, akujalie ndugu wengi, na akujalie kuwahi kuwaambia kwamba unawataka nyumbani.