Sudachi ya Agronome Firmin

Kanisani kwao Bertrams, Johannesburg, kulikuwa na akina Firmin watatu, lakini ukisema Agronome kila mtu alijua unamtaja yupi. Jina hilo hakupewa na mtu. Alijipa mwenyewe, akalirudia mpaka likashika. Kule kwao Bukavu, Kongo, alikuwa dereva wa agronome, yaani mtaalamu wa kilimo. Miaka sita alimwendesha yule mzee mashambani, akamshikia mwavuli na kumbebea chupa ya chai, na kwa hesabu zake, elimu ukikaa nayo gari moja muda wote huo inakuingia tu.

Kazi yake Johannesburg ilikuwa kulinda geti la nyumba moja ya Kensington. Mwenye nyumba, Bwana Nakagawa, alikuwa Mjapani mwenye mgahawa, mtu wa maneno machache. Uani, ndani ya pipa, alikuwa na mti alioupenda kuliko gari lake. Ulikuwa mti wa sudachi, ndimu ndogo ya kwao Tokushima, ambayo huchumwa ingali ya kijani ikakamuliwa juu ya samaki. Alikuwa amehangaika miaka kuupata, na hakujua mwingine mjini.

Mwaka 2016 mama yake aliugua, ikabidi arudi Japani. Firmin akatoka kibandani kwake akiwa na koti la Jumapili na kumweleza kwamba yeye, kitaaluma, ni agronome. Bwana Nakagawa alifurahi mpaka akainama. Alisema akirudi atakata vitawi vya mti huo, avipandikize kwenye miche mia mbili katika kiwanja alichonunua nje ya mji, na msimamizi wa shamba atakuwa Firmin.

Kuanzia hapo hakukukalika. Mwenye spaza, kile kiduka cha mtaani, aliambiwa kuhusu shamba. Pasta Ruphin aliambiwa, tena zaidi ya mara moja. Kina mama wa Burundi walifundishwa kupanda lengalenga, ule mchicha wa kwao, wao waliolelewa kwenye lengalenga.

Julai hiyo baridi iliunguza mti, majani yote ya juu yakakauka. Baada ya wiki chache, chini karibu na udongo, vikachomoza vichipukizi vinene vyenye miiba. Mtu aliyewahi kukaa na mkulima wa machungwa hata nusu saa anajua kwamba mti wa namna hii umeungwa: juu ni sudachi yenyewe, chini ni shina la chungwa-mwitu lililowekwa pale kuibeba tu. Vya chini hukatwa mara moja, visije vikala chakula cha juu, nacho cha juu husubiriwa kizinduke. Firmin alikata cha juu. Kwanza aliomba apigwe picha akiwa na msumeno, mguu mmoja juu ya pipa, akaituma kwenye kundi la WhatsApp la kanisa na kuandika: "Agronome akiondoa uzembe."

Mkewe Victorine, msusi, alimletea chakula siku moja, akautazama mti kama anavyotazama kichwa cha mteja.

"Baba Carmel," alisema, "ule muti ulikuwa na majani moja-moja. Huu uko na tatu-tatu. Haiko ule."

"Mama Carmel, wewe ujue nywele, mimi nijue miti."

Majira ya baridi yaliyofuata mti ulipukutika wote, jambo ambalo sudachi haifanyi. Firmin alieleza kwamba umejifunza kulala.

Kila mwezi Bwana Nakagawa aliomba picha. Firmin alituma picha ya Firmin, tai shingoni, mti ukichungulia nyuma ya bega. Safari moja Mjapani alimwomba kwa adabu asogee kando kidogo. Mwezi uliofuata Firmin alisogea, akaleta kiti, akaketi mbele ya pipa.

Machi 2019 mti ulikuwa na matunda saba, na Bwana Nakagawa alikuwa anarudi baada ya kumzika mama yake. Firmin aliita watu waje kuona malimbuko: Pasta Ruphin na kwaya nzima, akaagiza na samaki wa kuchoma kutoka kwa Wareno wa Rosettenville. Matunda yalikuwa na manyoya, yameanza kuwa manjano. Pasta alikamulia moja juu ya samaki, akatafuna. Ni mtu aliyezoea kumeza mengi kwa ajili ya amani, lakini hilo alilitema.

Bwana Nakagawa, aliyefika mchana huo huo, hakuyaangalia matunda. Alipiga magoti kwenye pipa na kupapasa shina mpaka kidole kikafika kwenye kovu la msumeno.

"Nani alikata hapa?"

Firmin alitamani kusema ni baridi. Kwa dakika moja ya aibu alimtazama hata Victorine. Lakini kwaya nzima ilikuwa na ile picha kwenye simu.

"Mimi," alisema. Lilikuwa neno lake fupi kuliko yote katika miaka mitatu.

"Mama yangu aliuliza habari za mti huu mpaka siku ya mwisho," alisema Bwana Nakagawa. "Nikawa namwonyesha picha zako. Akasema mlinzi anaonekana mtu mzuri."

Hakuna aliyecheka. Firmin aliona uchungu wa kweli, uchungu ambao hakuwa na hotuba yake, akakaa chini pale pale kwenye saruji na koti lake la Jumapili.

Hakufukuzwa, na hilo ndilo lililomuuma zaidi. Bwana Nakagawa alisema miti kama ule, kwao, hupandwa kuwa ua wa kuzuia wezi kwa sababu ya miiba. Akaagiza uhamishiwe mbele, kando ya geti, na kiwanja akakiuza.

Sasa walinzi wako wawili pale getini, Firmin na mti. Kanisani watu bado wanamwita Agronome, na watoto wanaziba midomo wakicheka kabla hajageuka. Anajua wanachocheka. Bado anaitika.