Lodi Alipopiga Hodi

Nyumba ile ilinukia nta ya kung'arishia mbao, moshi wa kuni uliokwisha kuingia kwenye mapazia, na mbwa mzee aliyelala. Ilikuwa katikati ya London, kwenye uwanja wa nyumba ndefu nyeupe zilizopangana kama meno, na sisi tulikuwa watu wa Edmonton, pembezoni mwa jiji hilohilo, kwenye fleti ambayo ukikaanga samaki jirani wa juu anajua ni samaki gani. Nilikuwa na miaka kumi. Shule zilikuwa zimefungwa kwa likizo ya majira ya joto, baba alikuwa safarini kikazi, na mama yangu, ambaye alifanya kazi ya kutunza wazee majumbani, hakuwa na mtu wa kuniachia. Alipomwomba radhi mzee aliyekuwa akimtunza, akidhani labda atapoteza kazi, mzee yule alimjibu kwamba nyumba ina vyumba vingi kuliko watu, na mtoto mmoja hawezi kuijaza. Basi kila asubuhi tukapanda treni pamoja, mama amekumbatia mkoba wake wenye chakula chetu, mimi nimebandika uso dirishani. Mama akinisemesha Kiswahili cha Pemba nami nikimjibu Kiingereza, kama tulivyofanya watoto wote wa mtaa wetu.

Mzee mwenyewe alikuwa lodi, yaani mwinyi wa Kiingereza. Jina lake lilikuwa refu na ndani yake mlikuwa na jina la wilaya nzima, kwa hiyo mama alimwita Mzee tu. Alipouliza maana yake, akaambiwa kwamba ni neno la heshima ambalo mtu halirithi, hulipata kwa kuishi. Akalipenda kuliko majina yake yote. Vingine vyote alikuwa amevirithi: cheo, mashamba ya kondoo huko kaskazini, ardhi iliyokuwa chini ya uwanja ule na mitaa ya jirani, na kiti katika Bunge la Malodi ambacho hakuna mtu aliyempigia kura akipate. Mwaka ule ilikuwa inatungwa sheria ya kuwaondoa bungeni watu kama yeye. Nilitegemea awe na huzuni, lakini alisema amekaa kwenye viti vile vyekundu miaka mingi sana, na mara nyingi alichokifanya kwa moyo wote ni kusinzia.

Kiharusi kilikuwa kimemdhoofisha mguu mmoja, akawa anatumia kiti cha magurudumu. Kazi yangu niliyojipa mwenyewe ilikuwa kukisukuma kiti hicho kwenye ukumbi mrefu, chini ya picha za babu zake waliovaa manyoya, huku mbwa wake akitufuata kwa uvivu. Mbwa huyo alimtia mama mashaka, kwa sababu ya udhu wake. Siku ya kwanza Mzee alipoona mama anafua tena nguo iliyoguswa na mate ya mbwa, aliuliza sababu, akasikiliza, na tangu siku hiyo chumba kidogo chenye dirisha la mashariki kikawa cha mama kusalia, na mbwa hakuruhusiwa kukanyaga hata zulia la mlangoni. Mama aliniambia jioni ile ndani ya treni, "Uungwana ni vitendo, mwanangu. Hawa wana vyeti vya uungwana, lakini huyu na vitendo pia anavyo."

Saa ya chai Mzee alinihadithia maisha yake. Alizaliwa katika kasri lenye vyumba ambavyo hakuwahi kuvimaliza vyote. Alilelewa na yaya. Baba yake alimwona jioni tu, akiwa amekwisha kuogeshwa na kuchanwa nywele, akateremshwa ngazi kusalimia kama mgeni, kisha akapandishwa tena kulala. Alipofikisha miaka saba akapelekwa shule ya bweni, ambako maji ya kunawia yaliganda kwenye beseni. Baba alifariki yeye akiwa bado mwanafunzi wa chuo, na asubuhi ya maziko wafanyakazi wa shamba wote walivua kofia na kumwita kwa cheo cha baba yake. "Nikageuka nyuma nimtazame," aliniambia, "kwa sababu nilidhani wamemwona." Kasri hilo lilivuja mapaa mpaka likamshinda, akalikodisha kwa shule, akahamia London na mkewe. Mke naye akatangulia mbele ya haki. Hawakujaliwa mtoto. Mrithi wake alikuwa binamu aliyechimba mabwawa ya kuogelea Australia, mtu mchangamfu ambaye kila Krismasi alituma kadi yenye picha ya kangaruu.

Ndipo likatokea jambo la harusi. Mama mdogo Rukia, mdogo wake mama, alikuwa aolewe na Suleiman, dereva wa basi, kijana mpole aliyemngoja muda mrefu. Mama yake Suleiman alikuwa amekuja kutoka Wete, kule Pemba, kwa viza ya muda mfupi ili amwone kitindamimba wake akioa. Alikuwa mtu mzima sana, na kila mtu alijua kwamba safari nyingine hataiweza. Wiki mbili kabla ya siku yenyewe, bomba likapasuka katika ukumbi tuliokodi. Maji yakaharibu sakafu, dari ikaanguka. Kumbi nyingine zote zilikuwa zimekwisha kuchukuliwa, na kuahirisha maana yake ni bibi yule kupanda ndege bila kuona alichokuja kukiona. Mama mdogo alikuja pale kwa Mzee adhuhuri moja, akakaa jikoni na kulia kimya kimya, machozi yakidondokea meza. Mama akambembeleza kwamba kuvunjika kwa koleo siyo mwisho wa uhunzi. Mimi nikaenda zangu chumba cha pili nikamweleza Mzee kila kitu.

Mama alikasirika. Siri za nyumbani, alisema, hazianikwi kwenye kamba ya watu. Lakini Mzee alikuwa amekwisha kujisukuma mwenyewe hadi mlango wa jikoni. "Bustani ile pale nje," akasema, "haitumiwi na mtu ila njiwa."

Bustani hiyo ilikuwa katikati ya uwanja, imezungukwa na uzio wa chuma, na ndani yake mlikuwa na majani laini na miti mirefu yenye magome ya madoadoa. Lango lilifungwa daima. Nilikuwa nimeitazama siku zote kama mtu anavyotazama keki ndani ya kioo. Mama mdogo aliacha kulia, akamtazama mama, mama akatazama sakafu. Mzee alimpigia simu msimamizi wa mali yake, akasikiliza kwa muda, kisha akaweka simu chini taratibu. Babu yake alikuwa ameweka sharti lisilofutika: ardhi ni ya familia, lakini matumizi ya bustani ni ya wakaazi wa uwanja, na sherehe haifanywi akiwepo hata mkaazi mmoja anayepinga.

"Basi tuwaombe," nikasema.

Alinitazama kama nimemwambia aruke dirishani. Alisema hajui kuomba. Maisha yake yote mambo yalikuwa yake, au yaliombwa na mtu mwingine kwa niaba yake. "Watu huanzaje?" akauliza. Mama, ambaye hasira zilikuwa zimeanza kumtoka, alijibu huku akisuuza vikombe, "Kwetu mtu husimama mlangoni akapiga hodi. Akiambiwa karibu, anaingia. Asipoambiwa, anaondoka, na hakuna ugomvi."

Kesho yake tukatoka. Mzee alivaa koti lake zuri na tai, mimi nikasukuma kiti. Kwenye kila mlango nilibonyeza kengele, naye, mlango ukifunguka, alitamka "Hodi" kwa sauti ya mtu anayehutubia bunge. Wengi waliduwaa. Walikuwa wameishi juu ya ardhi yake miaka na miaka, na hawakuwahi kumwona ila kwenye gari. Daktari kijana aliyekuwa amebeba mtoto alikubali kabla hatujamaliza maelezo. Jaji mstaafu aliuliza kama ngoma itakuwepo. "Itakuwepo," Mzee akajibu, "na nasikia ni nzuri." Jaji akafikiri, akasema atafungua dirisha. Kadiri tulivyosonga ndivyo Mzee alivyochangamka. Mara akataka tuanze na mlango wa mbele zaidi, mara akanikosoa kwamba nasukuma polepole.

Mlango wa mwisho aliuruka. Nikadhani amesahau, nikakigeuza kiti. Akashika magurudumu. Humo aliishi Bi Pringle, mjane ambaye hakuwa akisema naye tangu mimi sijazaliwa. Marehemu mumewe alikuwa amepanda mti wa cheri mbele ya dirisha lao, na mafundi wa Mzee waliukata kwa sababu mizizi iliinua mawe ya njia. Bi Pringle alikuwa ameandika akisihi. Mzee hakwenda, alimwachia msimamizi amjibu. Alinieleza haya palepale kando ya njia, kisha akasema tu, "Twende."

Nyumba ile ilikuwa na ngazi za mawe, na Bi Pringle alifungua mlango akabaki juu kabisa, mwembamba, mikono amekunja. Mzee akasema hodi kutoka chini. Yeye hakuteremka. Basi Mzee akashika mikono ya kiti, akajiinua, akaniwekea mkono mmoja begani na mwingine kwenye chuma cha kando ya ngazi, akapanda. Nilihisi uzito wake wote ukinitetemesha. Alipofika juu alikuwa hana pumzi.

"Nimekuja kuomba bustani," akasema, "lakini kwanza nimekuja kwa ajili ya ule mti. Ilinipasa nije mwenyewe wakati ule. Niliona tabu kukutazama usoni, kwa hiyo nikamtuma mtu. Nisamehe."

Bi Pringle akatazama mahali ulipokuwa mti. Kisha akasema, "Ulikuwa ukichanua siku yake ya kuzaliwa."

"Sikujua."

"Hukuuliza." Akanigeukia mimi. "Nani anaolewa?"

Nikamweleza habari za mama mdogo, na Suleiman, na bibi kutoka Wete ambaye viza yake inakwisha, hata jaji na dirisha lake. Nilieleza vibaya, mambo yakichanganyikana, lakini aliyasikiliza yote. Mwishoni akauliza kama atakaribishwa au atatakiwa kutazama kutoka dirishani kama yule jaji. Nikasema atakaribishwa. Akasogea kando ya mlango ili Mzee aingie apate kiti cha kukalia, akaenda kuchemsha maji.

Siku ya harusi mbingu zilituhurumia, hazikutoa hata tone. Nikaha ilifungwa msikitini asubuhi, na adhuhuri lango likafunguliwa. Wanawake wa Edmonton na Stratford waliingia na sufuria za biriani zilizofungwa kwa mashuka, sambusa, visheti, na halua iliyotoka mbali ikiwa ndani ya sanduku la mtu. Hema la wanawake lilikuwa upande wa miti, la wanaume upande wa lango. Mama mdogo alipoingia, hina mpaka viwikoni na kikuba cha asumini kifuani, vigelegele vilipanda juu ya nyumba zile nyeupe, na madirisha yakafunguka moja baada ya jingine. Mimi nilikimbia majanini bila viatu mpaka nyayo zikawa kijani. Mama yake Suleiman na Bi Pringle walikaa pamoja mchana kutwa, hakuna aliyejua lugha ya mwenzake, kila mmoja akimjazia mwenzake sahani. Mzee aliketi kati ya wanaume, amenyunyiziwa marashi, akila biriani kwa mkono huku wali ukimwangukia tai, na mtu alipomuuliza yeye ni nani upande wa bwana harusi au bibi harusi, alijibu kwamba yeye ni jirani.

Majira ya baridi hayajaingia vizuri sheria ikapita, akaacha kiti chake bungeni. Aliishi miaka mingine michache. Binamu yake wa Australia aliuza nyumba, na nasikia sasa imegawanywa fleti ambazo taa zake haziwaki mara nyingi, kwa kuwa wenyewe wako nchi nyingine. Mimi nimekuwa mtu mzima, naishi Stratford kwenye jengo refu, na mwenye ardhi iliyo chini yangu ni kampuni. Sijawahi kumwona mtu wake. Nikiwa na shida hujibiwa na sauti ya mashine. Najua kwamba zamani nako hakukuwa peponi: mti ulikatwa, na mjane hakuulizwa. Lakini kulikuwa na uso wa kuulaumu, na uso huo uliweza kupanda ngazi.

Mwanangu, ambaye naye ananijibu Kiingereza, aliniuliza juzi kama ilikuwa haki mtu kumiliki mitaa kwa sababu tu ya kuzaliwa. Nikamwambia haikuwa haki hata kidogo, na Mzee mwenyewe alilijua hilo. Akauliza, basi mbona nikimsimulia natabasamu. Nikamwambia akae kitako, nimweleze vizuri jinsi wazee wetu walivyocheza msewe, ngoma ya kwetu Pemba, mbele ya nyumba ya jaji, na jaji naye akashuka.