Tripu Mbili za Mchanga

Ikupa wa Mlowo hakurithi gari. Fuso lake la tipa alilinunua baada ya miaka kumi na minne ya kukaanga maandazi kando ya barabara kuu na kuhangaika na mahindi ya watu msimu hadi msimu. Siku lilipofika nyumbani alilizunguka mara tatu akigonga matairi, kama mtu anayekagua ng'ombe wa mahari. Majirani walimcheka wee! Wacheke tu. Gari hilo ndilo lililomlisha yeye, mjane, pamoja na wajukuu wake wanne.

Kanisani kwao, Jumamosi ya msaragambo, siku ya kazi za kujitolea, mwenye jembe huja na jembe na mwenye gari huja na gari. Kwa hiyo Mzee Lwitiko, mwenyekiti wa kamati ya ujenzi, alipomwambia, "Mwanangu, tunataka mchanga wa mto, kibali ninacho," Ikupa alimwita dereva wake Jofrey na kumkabidhi funguo. Kukiona hicho kibali hakuomba. Nani atamwambia mzee aliyemsimamia ndoa alete karatasi zikaguliwe? Kwao hilo ni tusi, na hapo ndipo mama wa watu alipoponzeka.

Tripu mbili zilifika salama. Ya tatu ilikamatwa njiani, na kibali hakikupatikana popote. Jofrey alikiri kosa akapigwa faini, kisha mahakama ikaamuru gari litaifishwe. Ikupa akafungua maombi ya kupinga amri hiyo. Hoja yake ilikuwa moja tu: aliambiwa kibali kipo, na aliyemwambia yuko hai, anatembea na miguu yake.

"Usihofu, mwanangu," Mzee Lwitiko alimwambia, amekaa kwenye kochi lake Ikupa, anakunywa chai yake Ikupa. "Nitasimama mwenyewe nimweleze hakimu."

Siku ya siku akasimama kweli. Alivaa koti lake la Jumapili, akashika Biblia, akaapa. Hakimu alipomuuliza kama ni yeye aliyemtuma huyu mama kuleta mchanga, mzee alikohoa na kutazama dirishani.

"Mheshimiwa, kamati haijamtuma mtu mtoni. Labda alikuwa na biashara zake."

Hasira ilimjia Ikupa baadaye. Kwanza ilimjia aibu, tena aibu kali, utadhani yeye ndiye aliyesema uongo. Maombi yake yalitupwa siku ile ile, akaambiwa ana siku thelathini za kukata rufaa. Alipopita uani kwa polisi alikuta gari lake pale pale, mchanga ukiwa bado mgongoni, majani yameanza kuota juu yake.

Jumapili ya pili baada ya hapo, kanisa lilisherehekea kumalizika kwa kuta. Mzee Lwitiko alisimama mbele na karatasi ya kamati, akasoma majina ya waliojitolea. Huyu mifuko ya saruji, yule mbao.

"Dada yetu Ikupa," akasoma, "kwa kuitikia wito wa kamati, tripu mbili za mchanga wa mto."

Watu wakapiga makofi. Tripu ya tatu hakuitaja.

Ikupa aliinuka, akaenda mbele polepole kwa sababu ya goti lake bovu. Makofi yakazidi, maana watu walidhani anakwenda kutoa shukrani.

"Baba," alisema, kwa sauti ya kawaida kabisa, "naomba hiyo karatasi. Hakimu hajaiona."

Makofi yalikatika. Mzee Lwitiko, aliyemsimamia ndoa na kumsaidia kumzika mumewe, hakumtazama usoni. Aliikunja karatasi mara mbili, akaitia mfukoni mwa koti lile lile alilokwenda nalo mahakamani, kisha akageuka na kuwaashiria wanakwaya waimbe.

Nao wakaimba.