Kaya ya Watu Wawili

Nilipanda basi Lamadi na kikapu changu cha sato wa kukaanga, nikijua naenda kusherehekea. Kitongoji chetu, huko upande wa Sapiwi, kilikuwa kinasubiri kutangazwa kijiji kamili. Mikutano huwa siendi, wanasiasa wananichosha, lakini huu niliutaka. Tukiwa kijiji tungedai zahanati yetu, na baba yangu alishatoa kipande cha shamba la pamba ijengwe pale. Wifi yangu, mke wa kaka, alikuwa na mimba kubwa. Mimba iliyotangulia, mtoto alizaliwa kwenye pikipiki kabla hawajafika Bariadi, na hakulia.

Mkutanoni mtendaji akasimama, akasema ombi letu limerudishwa. Kwa hesabu ya sensa, watu hatutoshi.

Nilipigwa na butwaa. Sisi hatutoshi? Sisi ambao watoto wetu darasani wanakaa chini mpaka mlangoni? Mwenyekiti wa kitongoji akasema tumeibiwa watu. Na mimi, mdomo wangu haujui kunyamaza, nikadakia kwamba hesabu zimepikwa mjini. Nikapigiwa makofi. Baba hakupiga.

Jioni, ugali umeshatengwa, nikamwambia, "Baba, tuwaumbue. Tupite kaya kwa kaya tuhesabu wenyewe. Tuanzie hapa kwetu."

"Hapa tuko wawili," akasema.

Nilidhani ananitania. Kaka alikuwa pembeni yake, wifi na mama wako mlangoni mwa jiko, watoto wamezunguka sinia wakigombania kichwa cha samaki.

"Ndivyo nilivyomwambia karani wa sensa," akaendelea. "Mimi na mama yako."

Usiku ule wa sensa nililala nyumba hiyo hiyo. Kule Lamadi wapangaji wenzangu walisema nimekwenda kwetu, nitahesabiwa huko. Kumbe sikuhesabiwa popote. Mtu mzima, nalipa ushuru wa soko kila siku, na sipo.

"Na majirani?" nikauliza.

Mama akajibu yeye. "Mwanangu, nani anahesabu watoto wake mbele ya mgeni?"

Mila hiyo naijua, nimekulia humo. Baba hajawahi kuhesabu ng'ombe wake. Wakirudi jioni anasimama langoni mwa zizi akitazama rangi zao, na anajua nani amebaki malishoni. Ukihesabu mali unaita mabaya. Ila nilidhani hayo ni ya ng'ombe tu, na ya wazee. Sikuwaza kwamba kitongoji kizima kingeficha watoto wake, halafu kiende mkutanoni kulalamika kimeibiwa.

Nikapandwa na hasira. "Baba, zahanati umetunyima wewe, kwa mdomo wako mwenyewe."

Hakukasirika, na hilo ndilo lililoniumiza. Alinikumbusha sensa ya kabla ya hiyo, tulipokuwa wadogo. Alitupanga uani, tunacheka, akamwonyesha karani kwa kidole mmoja mmoja wetu mpaka wa mwisho. Masika hayakuisha, yule wa mwisho akafa.

"Alikufa kwa malaria," nikamwambia. "Njiani. Kwa sababu hospitali ni mbali."

"Na ninyi wengine mliugua malaria hiyo hiyo, hospitali ikiwa mbali vile vile, mkapona. Karani akishahesabu anapanda pikipiki yake anaondoka. Anayebaki kuzika ni mimi."

Hasira iliniishia, nikabaki naogopa tu. Kaka alikuwa anatazama chini. Watoto walishamaliza samaki, wananawa.

Wifi yangu huwa hasemi neno mbele ya baba mkwe wake. Siku hiyo alishika kiuno, akainuka pale mlangoni, na bila kumtazama usoni akamuuliza, "Sasa huyu nitamzalia wapi, baba?"