Nilivyotafsiri neno "quell" nusu, kijiji kizima kikashika mapanga

Wakuu, habari za mchana.

Kuna mdau juzi aliuliza humu tofauti ya "suppress" na "quell". Watu wakamjibu mistari miwili, wakapita. Mimi nimeshindwa kupita. Hilo la pili lina historia na mimi, na ninayoandika hapa yamenikuta mwenyewe, chumvi sijatia.

Mimi ni mtu wa Mtawanya, Kibiti. Enzi za ruksa, biashara huria ndiyo kwanza imeruhusiwa, nilikuwa mwalimu kijana wa shule ya msingi. Nikapangiwa kijiji kimoja ndani kabisa ya delta ya Rufiji. Kufika huko ni mtumbwi tu.

Kijiji kizima mwenye Kiingereza ni mimi, nacho chenyewe cha kuungaunga. Dawa ikiletwa, naitwa nisome maelezo. Mtu akinunua redio, naitwa nisome boksi. Kichwa kikavimba, siwafichi.

Mwaka huo zikaja habari za mwekezaji. Hata neno lenyewe lilikuwa jipya kwetu. Kampuni moja ilitaka kufyeka mikoko na kuchukua mashamba ya mpunga, ichimbe mabwawa ya kufugia kambamiti. Barazani, kisimani, mazungumzo ni hayohayo.

Alhamisi moja mwenyekiti wa kijiji, Mzee Mkumba, akarudi kutoka Ikwiriri na barua ya kampuni. Mtumbwi wake uliingia maji njiani, barua ikalowa. Akakusanya watu uwanjani baada ya swala ya alasiri, akanikabidhi.

"Haya Mwalimu, tusomee. Wanasemaje?"

Mwanzo nilikwenda vizuri. Wanakuja kesho asubuhi kwa boti, wanataka kupima eneo. Nikafika mstari wa chini:

"Officers will accompany our team to quell..."

Yaani maafisa watafuatana na watu wetu ili... Baada ya hapo wino umetapakaa. Hakuna kinachosomeka.

Quell. Sijawahi kuliona maishani. Nikatoa kamusi yangu ya mfukoni, yenyewe ilitoa maana moja tu: kukomesha kwa nguvu.

Wakuu, hapa ndipo nilipoharibu. Ningesema "sentensi haijaisha, sijui walitaka kusema nini", yangeishia hapo. Lakini watu wote wananitazama mdomoni. Nikaona aibu.

Nikasema, "Wanakuja na askari. Wanakuja kutuzima kwa nguvu."

Uwanja ukalipuka.

Bi Siwema, mjane ambaye shamba lake ndilo la kwanza kutoka mtoni, akasimama. Mama huyu alikuwa ananipikia kama mwanawe tangu nihamie pale. "Mie sitoki," akasema. "Waje waniulie humohumo kwenye mpunga wangu."

Jirani yangu Jongo akanyanyuka. Alikwenda zake nyumbani.

Asubuhi boti ikaonekana. Wanaume wamejipanga ukingoni na mapanga, wanawake nyuma yao na mipini ya majembe. Na mimi nipo, nimeshika fimbo.

Kwenye boti kulikuwa na mpimaji wa kampuni, askari wawili wenye bunduki, na afisa mmoja wa serikali, mama wa makamo. Askari walipoona mapanga, mmoja akakoki bunduki. Ule mlio nausikia mpaka leo.

"Wekeni silaha chini!"

"Wekeni nyie kwanza!"

Boti ikagusa tope. Hakuna aliyesogea, si huku wala kule.

Yule mama afisa akapaza sauti, "Jamani, kwani barua hamkuipata?"

"Tumeipata!" Mzee Mkumba akajibu. "Mmeandika mnakuja kutuzima!"

"Nani kasema hivyo?"

Watu wote wakanigeukia mimi.

Akatoa nakala yake, kavu, akaninyooshea. Ikabidi niingie majini mpaka magotini nikaichukue. Bunduki mbele, mapanga nyuma. Nikasoma:

"...to quell any fears among the residents."

Kutuliza hofu.

Nikaisoma tena. Ukiambiwa quell a riot, ni kuzima ghasia. Ukiambiwa quell fears, ni kutuliza hofu. Neno ni lilelile, inategemea limeshika nini mbele yake. Mimi nilikuwa nimelisoma halijashika kitu.

Nawaambia ukweli, nilifikiria kunyamaza. Halafu nikamwona Bi Siwema pale ukingoni.

Nikageuka. "Jamani, niliwasomea vibaya. Wameandika wanakuja kututuliza hofu. Kosa ni langu."

 Mzee Mkumba akawa wa kwanza kushusha panga, wengine wakafuata.

Bi Siwema hakushusha mpini wake. Akamuuliza yule afisa, "Mwanangu, mmekuja kunituliza hofu?"

"Ndiyo, mama."

"Sasa hiyo bunduki ya nini?"

Yule afisa akaitazama bunduki. Akawageukia askari, akawaambia wabaki botini.

Mkutano ukafanyika. Watu wakakataa mradi, mmoja mmoja, yule afisa akaandika yote. Mpimaji hakupima hata hatua moja. Miaka yangu yote pale sikuiona tena ile boti.

Ila kuna Jongo.

Alfajiri ile alikuwa amepakia mke, watoto na mbegu yake yote ya mpunga avuke kwa ndugu zake ng'ambo. Mtumbwi ukalemewa, ukapinduka. Watu waliokolewa wote, alhamdulillahi. Mbegu ikaenda na maji.

Nikaenda kumwomba radhi. Nilimkuta anaanika nguo za watoto. Hakufoka.

"Mwalimu," akasema, "si ungesema tu hujui? Hapa sote hatujui Kiingereza. Nani angekucheka?"

Nilipanda mpaka kwetu Mtawanya nikaomba mbegu kwa mzee wangu, nikampelekea. Msimu ule kila nikitoka darasani nililima naye.

Somo langu ni hilo, wakuu. Neno usilolijua, sema hulijui. Na sentensi isiyoisha usiimalizie kwa kichwa chako, hasa kama kuna watu wataondoka nayo kwenda kuamua maisha yao.

Walimu, wakalimani, makarani mliomo humu: nani ameshawahi kukwama mbele ya watu hivi? Ulisema hujui, au ulifanya kama mimi? Njooni tusemezane.