Siku Nilipoliimbia Birika la Mama Mkwe

Hasira ninayo mpaka leo, na aibu pia, na kibaya zaidi wa kulaumiwa ni mimi mwenyewe.

Nilikuwa kwa mama mkwe, kijijini mlimani, juu ya Kwa Sadala, namalizia miezi mitatu ya uzazi (mnajua kwetu, mzazi anakula mtori wa ndizi na nyama na kulala, hagusi jiko), na Jumamosi mume wangu angekuja kunirudisha nyumbani kwetu mjini, mtaa wa Mawenzi, ila mpaka mama yake aseme nimepona. Nilikuwa nimepona. Nilihesabu siku kama mfungwa.

Alhamisi mama mkwe akaenda kusali na jumuiya ya kanisa, mtoto akalia, nikamwekea kwenye simu kafilamu ka zamani, hakana hata rangi, vyombo vya jikoni vinaimba: birika linaongoza, vijiko vinaitikia, ufagio unacheza na mwiko kama maharusi. Akanyamaza. Chaji ikaisha, akaanza tena, nami nikaamua (ujinga wote uko hapa) kummalizia filamu mwenyewe.

Nikamlaza kwenye mkeka jikoni. Ukungu ulikuwa umeshuka mpaka mlangoni, migomba haionekani, moshi wa kuni unapanda polepole, na ukishalala miezi mitatu kichwa kinalegea, nikaona kabisa birika jeusi la mama mkwe, pale mafigani, linanisubiri. Nikaliimbia, likaitikia kwa mvuke. Nikavaa kifuniko cha sufuria kichwani, nikaukumbatia ufagio, tukazunguka taratibu, mtoto anacheka, dunia yote iko mbali, nikainama nikaliambia birika, "Asante mzee, sasa waachie vijiko."

Kugeuka, mlangoni yuko mama mkwe na akina mama sita wa jumuiya, wamekuja kuniombea safari njema.

"Shikamooni," nikasema, kifuniko bado kichwani.

Mmoja akamwokota mtoto polepole, kama anayemnyang'anya mbwa mkali mfupa. Nikaeleza habari ya filamu, nikawaonyesha simu, simu imezima. Mama mkwe akanivua kifuniko, akasema kwa upole ulioniudhi kuliko matusi, "Mama Eliya, mwanangu, kichwa bado hakijatulia. Utakaa mwezi mmoja tena."

Jumamosi mume wangu akaja, akala ndizi, akaondoka peke yake.

Jumapili asubuhi, nimejilaza nimenuna, nikasikia jikoni kijiko kinagonga bakuli, mtoto anacheka, na mama mkwe analiimbia birika. Yeye nani atamwongezea mwezi?

Mimi nimeapa: kwanza komeo mlangoni, ndipo niongee na chombo.